Daawa ya Mali Ipelekwe kwa Nani?

Bismillahir Rahmanir Rahim.

Waislamu wawili wa Mombasa wameshirikiana: mmoja ametoa shilingi 400,000, wa pili afanye biashara ya samaki, faida wagawe nusu kwa nusu. Biashara hii katika fiqhi huitwa qiradhi. Mwaka umekwisha, mwenye mali ataka hesabu, mfanya kazi asema mali imepotea. Daawa hii ipelekwe wapi?

Wengi hukimbilia kwa Kadhi, na akiwarudisha hunung'unika kuwa sharia imepuuzwa. Lawama hiyo haimpasi Kadhi. Katiba ya Kenya ya mwaka 2010, kifungu cha 170, imempa mambo manne tu: hali ya mtu, ndoa, talaka na mirathi, tena baina ya Waislamu walioridhia kuhukumiwa naye. Na wanavyuoni wamekwisha kusema kuwa kadhi aliyetawalishwa jambo makhsusi, hukumu yake haipiti katika jambo jingine.

Basi imebaki milango miwili: mahakama ya serikali, na hakamu. Wala milango hii si sawa. Katika madhehebu ya Imamu Shafii, mfanya kazi wa qiradhi ni amini. Akidai mali imepotea bila ya kutaja sababu, husadikiwa kwa kiapo chake. Hakimu wa serikali hafungwi na hayo. Yeye hutazama mkataba na daftari za hesabu. Lakini si halali mtu kuchagua mlango kwa kuwa uwongo wake utapita humo. Imepokewa na Bukhari na Muslim, kwa Ummu Salama, kuwa Mtume (s.a.w.) alimwonya apewaye haki ya nduguye kwa ufasaha wa ulimi, kuwa amekatiwa kipande cha Moto.

Ama hakamu, Imamu Nawawi katika Minhaj ameijuzisha tahkimu, na mmoja akirejea kabla ya hukumu, hukumu huzuilika. Hapa wengi hughafilika. Sheria ya Kenya ya mwaka 1995 ni kinyume: aliyetia sahihi mapatano ya kwenda kwa hakamu hawezi kurejea peke yake, na hukumu ya hakamu yaweza kutekelezwa kwa amri ya Mahakama Kuu. Sheria hiyo yataka mapatano yawe ya maandishi, nayo yawaruhusu wenye mkataba kuteua kanuni za kuhukumiwa kwazo. Yatosha kuandika: "Ikitokea khitilafu tutamwendea hakamu mmoja, naye atahukumu kwa madhehebu ya Imamu Shafii." Yaandikwe siku mali inapotolewa, mbele ya mashahidi, kama deni lilivyoamrishwa kuandikwa katika Suratul Baqara, aya ya 282. Ugomvi ukisha kuwaka, ni nani atakayemkubali hakamu wa mwenziwe?

Asiyeandika hayo, na daawa yake haizidi shilingi 1,000,000, ana Mahakama ya Madai Madogo, iliyowekwa kwa sheria ya mwaka 2016, nayo yatakiwa kukata hukumu ndani ya siku 60. Wala asikawie kwa kuona haya. Katika fiqhi deni haliondoki katika dhima kwa kupita miaka. Lakini daawa ya mkataba isiyofikishwa mahakamani Kenya ndani ya miaka 6, mdaiwa aweza kuipinga kwa kuchelewa kwake, na hakimu akaitupa.