Beki hana haraka

Leo namjibu kijana mmoja, ila najua swali lake ni la wengi. Ana miaka 17, yuko Kasongo, anacheza beki wa kati. Ameandika hivi: "Yaya, kuna bwana ametoka Kindu, anasema nina kipaji na atanipeleka nje kufanya majaribio. Anataka dola 300. Anasema pia tukate miaka mitatu kwenye karatasi, niwe na 14, ndipo watanichukua mbio. Mama anafikiria kuuza cherehani yake. Wenzangu wanasema bora niende machimboni nitafute hizo dola mwenyewe. Nifanye nini?"

Umefanya vizuri kuuliza kabla cherehani haijauzwa. Sasa kaa hapa, tuongee.

Kwanza ujue kazi uliyoichagua. Mshambuliaji anauza mbio zake, na mbio huisha mapema. Beki anauza macho na akili, na hivyo huongezeka kadiri anavyocheza. Siku mkikusanyika kutazama mechi ya Léopards, timu yetu ya taifa, achana na mpira kwa dakika kumi, umtazame beki Chancel Mbemba peke yake. Kichwa chake hakitulii: anatazama mpira, anageuka kumtazama aliye nyuma ya bega lake, anarudi kwenye mpira. Mkono unamwonyesha mwenzake asogee hatua mbili. Mwili ameuweka upande, ili mshambuliaji akikimbilia kokote asipoteze muda wa kugeuka. Mdomo nao unafanya kazi, maana beki bubu anamponza kipa wake. Mpira wenyewe huenda asiuguse hata mara moja. Hayo yote unaweza kuyafanyia mazoezi kwenye kiwanja chochote cha udongo, kesho asubuhi, bila kumlipa mtu.

Na beki hana haraka. Tarehe 13 Novemba 2025, mjini Rabat, Mbemba huyo alifunga bao dakika za nyongeza na Kameruni ikatolewa kwenye mechi za kufuzu Kombe la Dunia. Siku tatu baadaye akapiga penalti iliyoitoa Nijeria. Kwa karatasi zake alikuwa na miaka 31. Msimu mmoja kabla ya hapo klabu yake ya Marseille ilikuwa imemweka kando; akavumilia, kisha akahamia Lille. Tazama pia karibu na kwetu. Mwaka 2021 Djuma Shabani alitoka AS Vita kwenda Yanga, na Henock Inonga akatoka DCMP kwenda Simba. Wote ni mabeki, na hakuna aliyefika Dar es Salaam akiwa mtoto. Walikuwa wanakaribia 30. Juni 2023 ni Djuma aliyefunga penalti ya ushindi kule Algiers, kwenye fainali ya Kombe la Shirikisho, ingawa Yanga walikosa kombe kwa bao la ugenini. Inonga alitoka Simba mwaka 2024, akaenda FAR ya Rabat. Na Dar, mdogo wangu, wanaongea Kiswahili. Utaelewana na watu siku ya kwanza.

Sasa hiyo miaka mitatu. Bwana huyo hakukuambia kwamba sheria ya FIFA inakataza mchezaji aliye chini ya miaka 18 kuhamia klabu ya nchi nyingine, isipokuwa kwa sababu chache sana. Wewe una 17. Ukingoja mwaka mmoja, mlango unafunguka. Ukijifanya una 14, umejifungia mlango kwa miaka minne. Kuna na hili: tangu 2009 FIFA inatumia mashine ya kupiga picha ya mfupa wa mkono kwenye mashindano ya walio chini ya miaka 17. Mashine haisomi karatasi, inasoma mfupa. Januari 2023 Kameruni iliwapima vijana wake 30, na 21 kati yao wakaanguka. Wengine walikuwa na kipaji kama wewe, na wamebaki na jina baya.

Hata Mbemba alisumbuliwa kwa miaka na maswali ya magazeti, kwa sababu karatasi zake za zamani zilikuwa na tarehe za kuzaliwa zisizolingana. Simhukumu. Nasema tu kwamba karatasi mbovu humfuata mtu mpaka Ulaya. Sheria yetu inatoa siku 90 tu za kuandikisha mtoto aliyezaliwa; zikipita, ni lazima mzazi apitie mahakamani kupata hukumu inayoshika nafasi ya cheti. Kama huna cheti, anza safari hiyo sasa. Andika tarehe ya kweli, jina lile lile lililo kwenye karatasi za shule, herufi kwa herufi. Kisha mwombe kiongozi wa timu yako akuandikishe rasmi kwenye chama cha mpira. Siku ukiuzwa nchi nyingine, asilimia 5 ya bei hugawiwa klabu zilizokulea tangu miaka 12 hadi 23. Timu ya Kasongo isiyo na maandishi haitapata hata jozi ya viatu.

Wakala wa kweli ana leseni ya FIFA, na jina lake unaweza kulitafuta. Kwa kijana mdogo, hawezi hata kuanza mazungumzo bila mzazi au mlezi kukubali kwa maandishi. Naye hula kwenye mkataba uliosainiwa, hali kwenye cherehani ya mama yako. Mwulize huyo bwana mambo matatu mbele ya mama na mjomba: leseni yako iko wapi, klabu gani inaningoja, barua yao iko wapi? Akikasirika, umepata jibu.

Nao waliofika juu wakakosa malipo yao, tunawajua. Juni 22, 1974, Zaire ilicheza na Brazil kwenye Kombe la Dunia. Brazil walipata faulo, na beki wetu wa TP Mazembe, Ilunga Mwepu, akachomoka kwenye ukuta akaupiga mpira mbali kabla haujachezwa. Akapewa kadi ya njano, na dunia inacheka mpaka leo, eti Mwafrika hakujua sheria. Mwepu mwenyewe alieleza baadaye kwamba alijua vizuri sana; alikuwa amekasirika kwa sababu wakubwa walikula malipo yao. Alikuwa bingwa wa Afrika mwaka ule ule, na alikufa 2015 bila mali. Kwa hiyo usisaini mkataba ambao hujausoma. Ndiyo maana sitaki uache shule: mikataba mingi itakuja kwa Kifaransa, na Kifaransa cha darasani ndicho kitakuonyesha mstari wa mshahara na mstari wa kuumia.

Machimboni? Siwatukani wanaochimba, ndugu zetu wengi wanalisha nyumba kwa kazi hiyo. Lakini beki anaishi kwa magoti na mgongo, na shimo la dhahabu la Salamabila linakula vyote viwili. Na si mwili tu ulio hatarini: hata kampuni ya dhahabu ya Banro, yenye mashine zake, ilisimamisha kazi kwenye mgodi wake wa Namoya, huko huko Salamabila, mwaka 2019 kwa sababu ya usalama.

Na ninyi mabinti mnaocheza kwa kujificha, haya yote ni yenu pia. Novemba 2024 wanawake wa TP Mazembe walichukua Ligi ya Mabingwa Afrika. Mwonyesheni baba.

Basi, mdogo wangu, jibu langu ni hapana kwa dola 300 na hapana kwa miaka 14. Cherehani ibaki nyumbani. Mwaka huu fanya cheti, maliza shule, cheza kila Jumapili. Ukifika 18, anza kwa kubisha hodi Kindu, kwa Maniema Union. Hao ndio waliokwenda Pretoria Novemba 2024 wakatoka 0-0 na Mamelodi Sundowns kwenye Ligi ya Mabingwa. Mechi ya namna hiyo ni mabeki wanaoishika. Nenda na cheti chako cha kweli mkononi, kisha uniandikie walivyokujibu.

Dada yenu.