Meninjioma: namba ya daraja ina maana gani?

Ndugu zetu wa Bidiya, mgonjwa wa uvimbe kichwani huweza kupelekwa Muscat, Hospitali ya Khoula, kwa upasuaji. Baadaye huja karatasi ya maabara: meninjioma, daraja la 1, 2 au 3. Nimeona familia ikisoma "2" kuwa ni hatua ya pili ya saratani, wakaanza kulia. Sivyo.

Uvimbe huu huota kwenye utando unaofunika ubongo. Mtaalamu huchukua kipande kilichotolewa, hukitia rangi, kisha kwa hadubini huhesabu seli zinazogawanyika. Kwa mwongozo wa Shirika la Afya Duniani wa 2021, zikifika 4 katika eneo lisilofika milimita mbili za mraba ni daraja la 2. Zikifika 20, la 3. Uvimbe ukipenya ndani ya ubongo nao huwa la 2, hata seli hizo zikiwa chache.

Takriban wanane kati ya kumi hupata la 1, ambalo si saratani. Hata hivyo laweza kurudi, hasa kikibaki kipande, basi msikose miadi ya picha. La 2 hurudi zaidi. La 3 ndilo saratani. Kwa kawaida mionzi hufuata.

Picha pekee haithibitishi daraja. Ombeni nakala ya ripoti, iwekeni pamoja na pasipoti. Mkihama, daktari mpya ataitaka.