Mguu uliovunjika na nambari yake: soma barua yako ya hospitali

Watu wengi wa Nyeri, Karatina, Nanyuki, Kerugoya na Embu wanaotoka hospitalini na plasta mguuni huikunja barua ya kuruhusiwa nyumbani na kuitia mfukoni bila kuisoma. Katika barua hiyo, au katika faili iliyobaki hospitalini, aghalabu huwa pameandikwa herufi moja ikifuatwa na tarakimu, mathalani S82.2. Hiyo si nambari ya wadi wala ya risiti. Ni jina la maradhi yako kwa lugha ya hesabu, na wiki hii tutajifunza kuisoma.

Nambari hizi zilitoka wapi?

Mwaka wa 1893, Mfaransa Jacques Bertillon aliwasilisha mjini Chicago orodha ya sababu za vifo ili nchi mbalimbali zihesabu kwa namna moja. Mwaka wa 1948 Shirika la Afya Duniani liliichukua orodha hiyo, na magonjwa na majeraha yasiyoua nayo yakaingizwa. Toleo la kumi liliidhinishwa mwaka wa 1990. Toleo la kumi na moja lilianza rasmi tarehe 1 Januari 2022, lakini nchi huhamia huko polepole. Kwa hivyo tutatumia nambari za toleo la kumi, ambazo madaktari na makarani wa rekodi wamezizoea kwa miaka mingi.

Jinsi ya kuisoma

Herufi S huonyesha jeraha la sehemu fulani ya mwili. S72 ni kuvunjika kwa mfupa wa paja, na S92 ni kuvunjika kwa wayo. Katikati yake ipo S82, yaani mguu kutoka goti hadi kifundo. Tarakimu inayofuata nukta hutaja mahali penyewe:

S82.0 ni pia ya goti.
S82.1 ni ncha ya juu ya mfupa wa muundi, karibu na goti.
S82.2 ni katikati ya muundi, hata kama ule mfupa mwembamba wa kando nao umevunjika.
S82.3 ni ncha ya chini ya muundi.
S82.4 ni mfupa mwembamba peke yake.
S82.5 ni kifundo cha upande wa ndani, na S82.6 ni cha upande wa nje.
S82.7 ni mivunjiko mingi ya mguu huo.
S82.8 ni sehemu nyingine, pamoja na vifundo vyote viwili kuvunjika kwa pamoja.
S82.9 ni mguu umevunjika, lakini mahali hapakutajwa.

Hii ya mwisho ndiyo kimbilio la mwenye haraka. Haimwambii daktari mwingine lolote la maana.

Tarakimu yenye uzito kuliko zote

Baada ya hapo yaweza kuongezwa tarakimu moja zaidi: 0 ikiwa ngozi haikupasuka, na 1 ikiwa kuna kidonda kinachofika kwenye mfupa. Kwa hivyo S82.20 na S82.21 ni mfupa ule ule, uliovunjika mahali pale pale, lakini ni wagonjwa wawili tofauti kabisa.

Pitisha kidole mbele ya mguu wako. Muundi uko chini tu ya ngozi, bila nyama ya kuukinga. Ndiyo sababu ukivunjika kwa kishindo hutoboa ngozi kwa urahisi, na uchafu wa barabarani huingia. Mgonjwa wa namna hii anahitaji dawa za kuua viini mapema iwezekanavyo, kinga ya pepopunda, na kuoshwa kidonda katika chumba cha upasuaji. Akicheleweshwa, viini huweza kukaa ndani ya mfupa kwa miezi au miaka, na wengine hupoteza mguu.

Sasa sikiliza kanuni ya orodha hiyo: ikiwa daktari hakuandika kama mvunjiko ni wazi au umefungika, karani ataupa 0. Neno moja lililosahaulika hukifuta kidonda katika hesabu za hospitali. Mwisho wa mwaka, wanaopanga bajeti ya dawa, vyuma vya kuunga mifupa na muda wa upasuaji wataona mivunjiko midogo midogo tu. Hali kadhalika, anayelipa gharama, iwe ni kampuni ya bima au SHA iliyochukua nafasi ya NHIF mwezi Oktoba 2024, aweza kuuliza kwa nini mguu wa kawaida ulihitaji upasuaji mara tatu.

Uliumiaje?

Nambari ya jeraha huambatana na nyingine inayoeleza chanzo. V20 hadi V29 ni za aliyekuwa juu ya pikipiki, awe dereva au abiria. V02 ni ya mtu wa miguu aliyegongwa na pikipiki. W14 ni kuanguka kutoka mtini. Tuwachukulie watu wawili waliovunjika muundi: mmoja ni abiria wa bodaboda aliyeanguka karibu na Marua, na wa pili ni mchumaji wa parachichi kule Othaya. Wote ni S82.2. Bila nambari ya chanzo, hakuna atakayejua iwapo fedha za kinga ziende kwa matuta ya barabarani na kofia za pikipiki au kwa ngazi imara za wakulima.

Ufanye nini?

1. Mweleze daktari wazi jinsi ulivyoumia, na kama kulikuwa na damu au kidonda hata kidogo.
2. Kabla ya kuondoka, uliza barua imetaja mfupa gani, mahali gani, na kama ulikuwa wazi au umefungika.
3. Hakikisha pameandikwa kulia au kushoto kwa maneno, kwani nambari za toleo la kumi la Shirika la Afya Duniani hazitaji upande.
4. Hifadhi barua na picha za eksrei pamoja. Ukihamishiwa hospitali nyingine, au ukihitaji kujaziwa fomu ya P3 ya polisi, zitakufaa.
5. Ukiona kosa, omba lirekebishwe na aliyekutibu. Usilifute wala kuliandika upya mwenyewe.

Jambo moja halingoji barua yoyote. Ukiwa na plasta na maumivu yakazidi badala ya kupungua, vidole vikafa ganzi, vikawa baridi au vikashindwa kusogea, rudi hospitalini saa hiyo hiyo, hata kama ni usiku wa manane. Huenda uvimbe unabana damu isifike kwenye misuli, na misuli hiyo hufa kwa muda wa saa chache.

Wiki ijayo, Mungu akipenda, tutazungumzia utunzaji wa plasta nyumbani.