Mashoka ya Mawe ya Olorgesailie: Maswali Yasiyojibika

Swali: Mkazi wa Kware, Kaunti ya Kajiado, akienda Olorgesailie atakuta fumbo gani?

Jibu: Katika kaunti hiyohiyo ya Kajiado, kando ya barabara ya Magadi, ipo makumbusho ndogo iliyo chini ya Makumbusho ya Kitaifa ya Kenya, ambako mashoka ya mkono, yaani mawe yaliyochongwa pande zote mbili hadi yakapata ncha na makali, yameachwa palepale yalipofukuliwa baada ya Louis na Mary Leakey kuyagundua katika miaka ya 1940. Kinachoshangaza ni wingi wake. Wapo wanaosema kwamba wachongaji walirudi hapo kizazi baada ya kizazi, na wapo wanaosema kwamba maji ya vijito ndiyo yaliyoyakusanya. Inaelekea kwamba kila upande una sehemu ya ukweli, ingawa hakuna unaotosha peke yake.

Swali: Nani aliyeyachonga?

Jibu: Hapa ndipo penye uzito wa jambo, kwa sababu kwa miongo kadhaa watafiti walifukua zana kwa maelfu pasipo kupata mfupa hata mmoja wa mchongaji, hadi mwaka 2003 vilipopatikana vipande vya fuvu lenye umri wa kati ya miaka 970,000 na 900,000. Fuvu hilo, ambalo wengi huliweka katika jamii ya Homo erectus, binadamu wa kale aliyetembea wima, ni dogo mno kwa mtu aliyekaribia utu uzima, ilhali baadhi ya mashoka ya hapo ni makubwa na mazito. Kuhukumu jamii nzima kwa fuvu moja ni kujiamini kupita kiasi.

Swali: Kwa nini mashoka hayo yalikoma?

Jibu: Kufikia miaka 320,000 iliyopita wakazi wa eneo hilo walikuwa wakitumia zana ndogo, nyingine za obsidiani, jiwe jeusi la volkano linalong'aa kama kioo, lililotoka umbali wa kilomita 25 hadi 95, pamoja na ngeu, udongo wa rangi nyekundu. Matabaka ya kipindi cha takriban miaka 180,000 kabla ya hapo yalimomonyoka, hivyo mabadiliko yenyewe hayaonekani. Ili kuziba pengo hilo, mwaka 2012 ardhi ya Koora, iliyo jirani, ilitobolewa hadi kina cha mita 139, na udongo uliotolewa ukaonyesha kwamba tangu miaka 400,000 hivi iliyopita maji na malisho yalianza kubadilikabadilika. Huo ni ushahidi wa mazingira; haumtambulishi aliyekuwa wa kwanza kuliacha shoka la mkono.