SOMO: Nyumba Iliyo Rehani na Zuio la Mahakama



Robo hii tunajifunza jambo ambalo wazee wa kanisa huletewa likiwa limekwisha kuiva. Mshirika ameweka nyumba rehani benki, marejesho yamemshinda, na dalali amebandika tangazo la mnada mlangoni. Anauliza, "Je, niende mahakamani?"

Inategemea anakwenda kulalamikia nini. Mwaka 1995, katika shauri la Benki ya Taifa ya Biashara dhidi ya kampuni ya Dar es Salaam Education and Office Stationery, Mahakama ya Rufani ilisema mahakama haiwezi kuingilia uuzaji unaofanywa na mwenye rehani kwa mamlaka ya mkataba, isipokuwa kuwe na rushwa au njama na mnunuzi. Mvua kukatika na biashara kuanguka ni maneno ya kuipelekea benki, tena mapema. Peke yake hayazuii mnada.

Kinachosikilizwa zaidi ni utaratibu kuvunjwa. Sheria ya Ardhi ya 1999 inamtaka mkopeshaji atoe notisi ya maandishi kabla ya kuuza, na tangu mabadiliko ya 2008 mkopaji ana siku 60 baada ya kuipokea. Kwetu Singida siku hizo ni chache mno. Notisi ikifika Januari, alizeti ndiyo kwanza inaota; siku zinakwisha Machi, mbegu bado ziko shambani. Basi notisi isifichwe chini ya godoro! Iandikwe tarehe iliyopokelewa, na wiki hiyo hiyo mkopaji aende benki kuomba ratiba mpya ya marejesho, akubaliwe kwa maandishi. Pamoja na notisi hiyo, mnada wa ardhi lazima utangazwe hadharani siku 14 kabla.

Hoja nyingine nzito ni ridhaa ya mwenzi. Nyumba ya familia haiwekwi rehani kihalali bila mume na mke wote kuridhia, na mkopaji anawajibika kusema kama ana mwenzi. Lakini mke aliyetia saini bila kusomewa asitegemee kwamba kusema "sikuelewa" kutatosha.

Anayeomba zuio la muda hupimwa kwa mambo matatu yaliyowekwa na Mahakama Kuu mwaka 1969: kama kuna hoja ya kweli yenye uwezekano wa kushinda, kama atapata hasara isiyoweza kufidiwa, na ni nani ataumia zaidi zuio likitolewa au likinyimwa. Wengi huangukia hilo la pili. Benki hujibu kwamba nyumba ilikwisha kuthaminiwa kwa fedha siku ilipowekwa rehani, hivyo hasara yake inalipika. Ni jibu chungu kwa mtu aliyezaa na kulea watoto wake humo, ila mahakama hulikubali mara nyingi.

Tena, wakati ni kila kitu. Nyumba ikishauzwa, mnunuzi asiyejua hila yoyote hulindwa na sheria. Aliyeonewa hubaki na dai la fidia dhidi ya mkopeshaji. Anaweza pia kuhoji bei: ikiwa chini ya bei ya soko kwa asilimia 25 au zaidi, sheria inachukulia kwamba mkopeshaji hakutimiza wajibu wake, mpaka athibitishe vinginevyo.

Na hata zuio likipatikana, deni halifutiki. Kwa kawaida riba huendelea kuhesabiwa kadiri mkataba unavyosema, na benki iliyokosea notisi inaweza kutoa nyingine na kuanza upya. Tumeona familia zikishangilia zuio kana kwamba zimesamehewa mkopo, kumbe deni linakua.

Kamati zimwombe mshirika alete mkataba, notisi, risiti zote za marejesho na tangazo la mnada, kisha zimpeleke kwa wakili au msaidizi wa kisheria aliyesajiliwa chini ya Sheria ya Msaada wa Kisheria ya 2017. Na mchungaji au mzee akiombwa kushuhudia fomu ya ridhaa, asitie saini mpaka mke mwenyewe awe amekaa mbele yake na kusomewa kiasi cha mkopo.