Redio ya chuo na ukuaji wa hip-hop: mfano wa WKCR, New York

Lugha ya mtaani hupataje kuwa fasihi? Makala haya yanachunguza mfano mmoja: WKCR 89.9 FM, redio ya Chuo Kikuu cha Columbia inayoendeshwa na wanafunzi, na kipindi chake cha hip-hop kilichoongozwa na Stretch Armstrong na Bobbito García kuanzia 1990 hadi 1998. Hoja yetu ni kwamba redio hiyo iliwapa waghani kitu kikubwa kuliko umaarufu: iliwapa muda.

1. Chanzo cha uhuru
WKCR haikutegemea matangazo ya biashara, hivyo hakuna mfadhili aliyewapangia watangazaji nyimbo. Kipindi kilirushwa usiku wa kuamkia Ijumaa, saa 7 hadi saa 11 alfajiri. Kwa mfanyabiashara, saa hizo hazina faida. Kwa mghani, zilikuwa saa nne za kusikilizwa.

2. Athari kwa lugha
Redio za biashara hupenda wimbo mfupi wenye kibwagizo kinachoshika upesi. Hapa kijana asiye na mkataba aliwekewa mdundo, akaghani bila kukatizwa. Nas, Notorious B.I.G. na Jay-Z walisikika hapo kabla ya albamu zao za kwanza. Mwaka 1995 Big L na Jay-Z walipokezana beti kwa takriban dakika saba. Bila kibwagizo cha kuegemea, mghani alibaki na nguvu ya neno tu: vina vya silabi nyingi, tashibiha, mzaha na majigambo. Ndiyo sababu ufundi wa maneno ulikua.

3. Hifadhi
Wasikilizaji walinasa kipindi kwa kaseti, wakanakili na kupeana. Hivyo usemi wa papo kwa papo, ambao kwa kawaida hupotea, ukabaki. Mwaka 1998 jarida la The Source lilikitaja kuwa kipindi bora cha redio cha hip-hop cha nyakati zote.

Hitimisho
Stesheni haikuwa na fedha; ilikuwa na kipaza sauti na subira. Sisi wa vitivo vya lugha huenda vijijini na vinasa sauti kutafuta hadithi na methali za wazee, na ni vema. Lakini vijana wanaoghani nje ya lango la chuo, nani anawanasa?