Unanunua Shamba Suam? Usimalize Kulipa Kabla ya Mutesheni

Mahindi yakishauzwa, wateja wetu wa pande za Kitale, Endebess hadi Suam hutuuliza swali hili: "Nimeshamtumia mwenye shamba pesa zote, sasa nifanye nini ili nipimiwe?" Jibu letu huwa halifurahishi, maana swali lilifaa kuja kabla pesa hazijatumwa.

Tuseme unanunua eka moja inayokatwa kutoka shamba la eka kumi. Mzee wa mtaa amekuja, mmevuta kamba, mmepanda mkonge kwenye kona nne. Majirani wanakutambua. Lakini kwa serikali, eka yako bado haipo. Kuna taito moja tu ya eka kumi, na jina lililo pale si lako. Mwenye jina akifariki, au akiweka hiyo taito rehani apate mkopo, mkonge hautakusaidia.

Anayeifanya eka yako ionekane kwenye ramani ni mpima ardhi mwenye leseni, yaani seveya. Kabla hajafika, fanya seachi ya taito, kisha muende lend bodi. Shamba la kilimo haligawanywi wala haliuzwi bila idhini ya bodi. Sheria inataka ombi lipelekwe ndani ya miezi 6 tangu mkataba. Idhini ikikosekana, mauzo ni batili hata kama ulilipa mpaka shilingi ya mwisho.

Siku ya kupima, ita majirani wa pande zote, si muuzaji peke yake. Seveya anakuja na ramani ya usajili ya eneo hilo, anatafuta bikoni za zamani, halafu anaweka zako. Baada ya hapo anachora fomu ya mutesheni. Fomu hiyo inakaguliwa na ofisi ya upimaji, inasajiliwa, ramani inarekebishwa na shamba lako linapata namba yake. Wengi huishia kwenye bikoni na kusherehekea. Bila mutesheni kusajiliwa, ulicho nacho ni vyuma ndani ya udongo.

Angalia pia ukubwa. Taito huandikwa kwa hekta, na eka moja ni karibu hekta 0.405. Na ile ploti ya futi 50 kwa 100 wanayoiita nusu ya robo eka? Haifiki. Nusu ya robo eka ni futi za mraba 5,445. Hiyo ni 5,000.

Sasa pesa. Gawa malipo yafuate hatua: sehemu baada ya seachi na mkataba, sehemu baada ya idhini ya bodi, na ile kubwa ya mwisho mutesheni ikishasajiliwa na muuzaji akishasaini fomu za kuhamisha. Seveya naye mlipe kwa awamu. Ada za serikali zipitie eCitizen, Paybill 222222, siyo namba ya mtu anayekwambia "nitume mimi, niko hapa tu ofisini."

Kwenye mkataba, andikeni namba ya simu itakayopokea pesa na jina lake. Kabla ya kuweka PIN, soma jina linalotokea. Likiwa si la muuzaji, simama hapo hapo, hata akisema ni simu ya mtoto wake. Nakili namba ya kila muamala nyuma ya mkataba na uweke taarifa ya malipo ya miezi hiyo, kwa sababu simu hupotea.

Mkigombania mpaka baadaye, anza kwa msajili wa ardhi. Sheria ya Usajili wa Ardhi ya 2012 hairuhusu mahakama kusikiliza mzozo wa mpaka kabla mpaka wenyewe haujaamuliwa kwa utaratibu huo. Kung'oa bikoni ni kosa, lakini trekta haijui sheria: piga picha ya kila bikoni, jirani akiwa amesimama kando yake, kabla watu hawajaanza kulima mwezi wa tatu.